Maboma ya Kale Yanazikwa Kitengela

Juzi nilikwenda Kitengela kumtazama ndugu yangu anayejenga katika ploti yake. Tuliwakuta mafundi wakichimba msingi huku wakinung'unika. Chini ya udongo mweusi walikuwa wamefikia tabaka la kijivu, laini kama jivu, lenye vipande vya mifupa na vigae.

"Hii ni samadi ya zamani tu, mzee," fundi aliniambia. "Lazima itolewe yote, la sivyo nyumba itapasuka."

Kabla ya jua kutua lori lilikuwa limekwisha kuibeba na kuimwaga bondeni. Labda lilikuwa boma la enzi za babu zetu. Labda ni la miaka elfu mbili. Hakuna aliyeuliza, na hilo ndilo linalonikera.

Twapenda kuambiana kwamba mfugaji huhama na haachi kitu nyuma yake. Watalii husafiri hadi kisiwa cha Malta kuyatazama mahekalu ya mawe ambayo wakulima walianza kuyajenga zaidi ya miaka 5,000 iliyopita, nasi twasoma habari hizo na kusema kwamba wenzetu wana historia. Kumbe yapata miaka 5,000 iliyopita, huko Lothagam karibu na Ziwa Turkana, wafugaji wa kwanza wa nchi hii walikuwa wakijenga makaburi yenye nguzo za mawe. Wataalamu walioyaeleza mwaka 2018 walikadiria kwamba watu wasiopungua 580 walizikwa hapo, wake kwa waume, wazee kwa watoto, wengi wakiwa na mapambo yao.

Baadaye wafugaji wa kale walienea kusini. Mlima Lukenya, ng'ambo ya mbuga za Athi, ulikuwa na kambi zao: mifupa ya ng'ombe, mbuzi na kondoo, vyungu, na vyombo vya jiwe jeusi la kioo. Ndani ya vigae vya vyungu vya watu hao yamepatikana mabaki ya maziwa. Wala sisemi kwamba walikuwa Wamaasai. Wamaasai walifika baadaye sana. Lakini kazi ni ileile, na nyasi ni zilezile.

Naam, nyasi. Mwaka huohuo wa 2018 wataalamu wengine walieleza walivyopima udongo wa maboma ya kale huko Narok, baadhi yake yakiwa na umri wa miaka 3,000 na zaidi. Waligundua kwamba samadi ya mifugo ile bado inaurutubisha udongo, na mahali pa boma huonekana kama kiwanja cha kijani ambacho wanyama wa porini hukipenda. Mbuga tunayodhani imejiotea tu ilitiwa mbolea na ng'ombe wa watu. Hekalu gani la mawe limewahi kulisha swara?

Kajiado yajulikana kwa wageni kwa sababu ya mashoka ya mawe ya Olorgesailie, ambayo ni ya kale mno kupita haya yote. Ya hapo katikati twayarukia. Tangu ranchi ya kikundi ya Kitengela ilipogawanywa mwaka 1988, ardhi imekatwa vipande, ikazungushiwa seng'enge, ikajengwa.

Sipingi ujenzi, ndugu yangu ana watoto na kodi ya nyumba imemchosha. Ninalotaka ni swali moja tu liulizwe kabla ya ramani kupigwa muhuri: chini ya ploti hii kuna nini? Sheria ya Makumbusho ya Taifa na Turathi ya mwaka 2006 humtaka anayegundua vitu vya kale atoe taarifa. Lakini ni nani aliyemweleza fundi yule kwamba jivu na vigae huweza kuwa vitu vya kale? Serikali ya kaunti na wenzao wa Makumbusho wangewafundisha mafundi wa msingi kwanza, kabla hata ya wanafunzi wa shule, kwa maana ndio walioshika sururu.

Mwezi ujao ndugu yangu atachimba shimo la choo. Nimemwomba aniite kabla ya kuanza. Amecheka sana, lakini amekubali.