*TAMKO LA TAWI LA OLMOTONYI: SHELI SI ZAWADI YA MKUBWA*



Kila inapotajwa habari ya sheli mpya kwenye barabara ya Namanga, kuanzia Ngaramtoni hadi huku kwetu, swali la kwanza vijiweni si bei wala ubora wa mafuta. Swali ni hili: "Kapewa nani, na nani kambeba?" Wanaouliza si wambea, wameona mengi. Lakini maneno ya kijiweni huishia kijiweni, ndiyo maana Tawi linatoa msimamo wake.

*1. Tujue upendeleo unapenya wapi*

Kufungua sheli kuna milango mitatu.

Mlango wa kwanza ni EWURA, inayotoa leseni chini ya Sheria ya Petroli ya 2015. Masharti yameandikwa, na kwa vijijini yamelegezwa ili watu waache kuuziana petroli kwenye chupa za maji. Asiyeridhika na uamuzi wa EWURA ana Baraza la Ushindani (FCT) la kukatia rufaa.

Mlango wa pili ni kampuni ya mafuta yenye sheli yake, inayotafuta mtu wa kuiendesha. Huo ni mkataba wa watu wawili. Ukinyimwa huko, usije kumlaumu mwenyekiti wa kijiji.

Mlango wa tatu ni ardhi. Kama kiwanja ni cha mtu binafsi, ni chake, atafuata vibali vya halmashauri. Kama ni ardhi ya kijiji, ni yetu sote, na vimemo hupenyezwa hapa.

*2. Sheria ya ardhi haina kona*

Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya 1999, kifungu cha 8, inaikataza halmashauri ya kijiji kugawa ardhi bila idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Haisemi idhini ya mwenyekiti, ya mtendaji, wala ya simu kutoka mjini. Muhtasari ulioandikwa mezani na kuambatanishwa karatasi ya mahudhurio ya kikao kingine ni kughushi, na kughushi ni jinai.

Wapo wanaotuambia: "Sheli ni ya mwenye mtaji, siasa zikae pembeni." Tunawajibu: mwenye mtaji aje mchana, aseme anataka nini na atalipa nini, na wenye mitaji wengine wasikie ili nao waje. Anayeogopa kushindanishwa hategemei mtaji wake, anategemea mtu.

*3. Kwa wanachama wenzetu: kadi si sifa*

Tumesikia pia sauti ndani ya chama: "Tukipata nafasi, tuwape wetu kwanza." Tawi linaikataa kauli hiyo bila kumung'unya maneno.

India wameshapita njia hiyo. Mwaka 1996 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilifuta vituo 15 vya mafuta ambavyo waziri wa mafuta, Satish Sharma, alivigawa kwa hiari yake bila tangazo wala vigezo. Miongoni mwa waliopewa walikuwamo ndugu wa watu waliokuwa karibu na madaraka. Waliobebwa walinyang'anywa. Ukimpa mwenzako kitu kwa mlango wa nyuma, umempa kesi.

*4. "Futa zote" nayo si haki*

Mwaka 2002 serikali ya Vajpayee, ilipobanwa na kashfa nyingine ya ugawaji, ilifuta kwa mkupuo zaidi ya vituo na wakala 3,000 waliopatikana tangu Januari 2000. Desemba mwaka huo mahakama ikautengua uamuzi huo: huwezi kumwadhibu aliyeshinda kihalali pamoja na aliyebebwa. Majina yenye mashaka, zaidi ya 400, yakapelekwa kuchunguzwa moja moja.

Sisi nasi tuliyaona. Aprili 2023 mikopo ya asilimia 10 ya halmashauri ilisimamishwa nchi nzima kwa sababu ya vikundi hewa na fedha zisizorejeshwa. Kina mama waliokuwa wakirejesha kila mwezi walisubiri zaidi ya mwaka kwa makosa ya wengine. Kwa hiyo tukiona sheli moja imepatikana kwa njia chafu, tutaitaja hiyo na kuithibitisha. Hatutawachafua wote.

*5. Tunachodai na tutakachofanya*

▪️ Ardhi yoyote ya kijiji inayotakiwa kwa biashara itangazwe kwenye ubao wa kijiji na vitongoji vyote, pamoja na vigezo, *kabla* ya jina la mtu kutajwa.
▪️ Waombaji wote wasomwe mbele ya mkutano mkuu, vikiwamo vikundi vya vijana na wanawake. Muhtasari usomwe na kuthibitishwa mkutano unaofuata.
▪️ Mwanachama mwenye ushahidi aulete kwa maandishi. "Nasikia" si ushahidi.
▪️ Tusilale. Maombi ya kuitaka Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa mamlaka ya umma yanatakiwa ndani ya miezi 6. Shauri la kawaida dhidi ya serikali, kijiji kikiwamo, linahitaji kwanza notisi ya siku 90. Anayelalamika mwaka mzima kijiweni hujikuta mlango umefungwa.
▪️ Kiongozi wa chama atakayekutwa ameandika kimemo atajibu mbele ya kikao cha Tawi kama mwingine yeyote.

Ndugu wanachama, mkutano mkuu wa kijiji huitishwa kila baada ya miezi 3. Tunalalamika kwamba mambo yanaamuliwa na wachache, lakini tukiitwa tunakuwa wachache. Njooni. Kiti chako kikiwa kitupu, mwenye kimemo atakikalia.

*Imetolewa na Katibu Mwenezi*
*Kwa niaba ya Kamati ya Tawi, Olmotonyi*

_Soma, kisha wasomee wasio na simu._