Kadi ya bima na meno ya mtoto: tuulize kabla ya kukaa kwenye kiti cha daktari



Ndugu wasomaji, ukurasa huu umepokea maswali mawili yanayokaribiana, moja kutoka Kibaha na jingine kutoka Kisarawe. Tumeona tuyajibu pamoja, kwa kuwa jibu la moja linaliangazia jingine.

Swali la kwanza limetoka kwa baba ambaye ni mwalimu mjini Kibaha. Binti yake wa miaka 13 ana meno ya juu yaliyotokeza sana, na kila anapofunga mdomo meno ya chini yanachoma kaakaa. Nyama haitafuni vizuri, na mara kwa mara hupata vidonda. Daktari amesema meno hayo yapangwe. Baba ana kadi ya Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, NHIF, na alidhani kwamba kadi ikiwepo mambo yamekwisha. Sasa ameambiwa kuwa huenda sehemu kubwa ya gharama ikabaki juu yake.

Swali la pili limetoka kwa mama wa Kisarawe. Binti yake anaolewa baada ya miezi sita. Meno yake ni mazima, ila moja la mbele limelipanda kidogo jirani yake. Ameona kwenye simu matangazo ya vifuniko angavu vinavyonyoosha meno bila waya, naye anavitaka. Familia imo katika CHF iliyoboreshwa. Shoga mmoja amempa mama njia mbili: amtumie binamu mwenye bima ya kazini aazime kadi yake, au daktari aombwe aandike kuwa jino linauma. Mama anauliza iwapo jambo hilo lina ubaya wowote.

Tiba au pambo?

Kabla ya bima, tuitazame sheria yetu. Katika Hadithi iliyopokewa na Abdullah bin Mas'ud (r.a.), ambayo imo katika vitabu vya Maimamu Bukhari na Muslim, wamekemewa vikali wanaotenganisha meno yao kwa ajili ya urembo, wakabadili maumbile ya Mwenyezi Mungu. Sisi watu wa Pwani makemeo haya yanatugusa, kwa sababu mwanya kwetu ni sifa ya uzuri, na wapo wanaotaka kuchongewa mwanya ambao hawakuzaliwa nao.

Upande wa pili ipo habari ya Sahaba Arfaja bin As'ad (r.a.), waliyoipokea Maimamu Abu Daud na Tirmidhi. Alipoteza pua vitani kabla ya Uislamu, akaweka pua ya fedha, ikamletea uvundo. Mtume (s.a.w.) akamwelekeza aweke ya dhahabu, ijapokuwa dhahabu ni haramu kwa wanaume. Hapo wanavyuoni wamechukua hukumu kuwa kutibu madhara na kuondoa aibu iliyo dhahiri ni jambo jingine, tofauti na kubadili umbile kwa kutafuta pambo tu.

Kwa kipimo hicho, binti wa Kibaha yuko ndani ya tiba bila shaka. Binti wa Kisarawe yuko mpakani, na familia yake impelekee sheikh wa karibu maelezo ya daktari, si picha ya tangazo.

Jambo la kuzingatia ni kwamba bima nayo huuliza swali hilo hilo: hii ni tiba au ni pambo? Mikataba mingi ya bima huondoa huduma za urembo. Lakini bima haiishii hapo kama inavyoishia sheria ya dini. Mikataba mingi huweka kupanga meno katika orodha ya huduma zisizolipiwa, au huilipia kwa kikomo kidogo, hata pale ambapo daktari ameona ni tiba. Kwa hiyo jambo laweza kuwa halali kabisa, tena la lazima kwa afya ya mtoto, na kadi bado ikakataa.

Kadi inabeba nini?

Mwanachama wa NHIF aliyeajiriwa serikalini hukatwa asilimia 3 ya mshahara, na mwajiri huongeza asilimia 3. Huduma za kinywa na meno zimo katika mafao ya Mfuko, lakini maneno "huduma za meno" ni mapana. Kung'oa, kuziba na kupiga picha ni huduma za kila siku. Kupanga meno ni kazi ya bingwa inayochukua miezi mingi. Asiyeuliza kwa jina la huduma yenyewe hujibiwa kwa jumla, kisha hushangaa wakati wa kulipa.

CHF iliyoboreshwa, iliyoanza mwaka 2018, ilipangwa kwa kaya ya watu wasiozidi 6 kuchangia Sh 30,000 kwa mwaka katika mikoa mingi, na kutibiwa kuanzia zahanati hadi hospitali ya rufaa ya mkoa kwa kufuata rufaa. Kwa mkazi wa Kisarawe ngazi hiyo ya mwisho ni Tumbi, Kibaha. Kiasi hicho kina baraka yake kwa malaria, uzazi na jino bovu, lakini hakikupangwa kubeba vifuniko angavu. Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote mwaka 2023, na wengi wetu tumeipokea kwa matumaini. Tukumbuke tu kuwa bima kwa wote si bima ya kila kitu.

Wenye bima za kampuni binafsi nao wasome mkataba. Mara nyingi meno huwa na kikomo chake cha mwaka, kidogo kuliko kile cha kulazwa. Tutoe mfano wa hesabu tu, usio bei ya kliniki yoyote. Matibabu yote ni Sh 3,600,000 na mkataba unasema utalipa nusu ya kupanga meno, kikomo kikiwa Sh 400,000 kwa mwaka. Baba atadhani atalipiwa Sh 1,800,000. Si hivyo. Kikomo ndicho kinachotawala: atalipiwa Sh 400,000 mwaka wa kwanza, na nyingine Sh 400,000 mwaka wa pili iwapo kazi itaendelea na malipo yakagawanywa. Zinazobaki mfukoni mwake ni Sh 2,800,000, yaani Sh 140,000 kila mwezi kwa miezi 20. Ni afadhali kuijua hesabu hiyo siku ya kwanza kuliko mwezi wa nane.

Vifuniko angavu au waya?

Vifuniko hivi ni plastiki nyembamba iliyofinyangwa kwa umbo la meno ya mgonjwa. Huvaliwa kwa zamu, kila kimoja wiki moja au mbili, na kila kimoja husogeza jino kiasi cha robo ya milimita. Vilianza kuuzwa Marekani mwishoni mwa miaka ya 1990 na kampuni ya Align Technology. Sharti lake kubwa ni kuvaliwa saa 20 hadi 22 kwa siku. Huvuliwa wakati wa kula na kupiga mswaki tu. Kwa sisi wanaosali vina wepesi: huvuliwa wakati wa kusukutua, na katika Ramadhani huvuliwa kwa futari na daku.

Lakini kinachovuliwa hupotea. Mtoto wa shule akikifunga kwenye karatasi wakati wa chakula, kitaishia jalalani, na kipya hulipiwa. Waya hubandikwa na hauvuliwi na mtoto. Kwa kawaida bei yake ni ndogo, na kwa meno yaliyopotoka sana huenda ndio unaofaa zaidi. Tusimnunulie mtoto kifaa kwa sababu hakionekani. Tununue kile ambacho daktari amesema kitatibu.

Kuhusu vifaa vinavyoagizwa kwa simu, mtu akajipima meno nyumbani, ipo ibra. Kampuni ya Marekani iitwayo SmileDirectClub iliuza vifuniko kwa njia hiyo bila mgonjwa kukaa kwenye kiti cha daktari mara kwa mara. Iliomba kinga ya mufilisi Septemba 2023, na Desemba mwaka huo ikafunga kabisa. Wateja waliokuwa katikati ya matibabu waliachwa bila mwongozo, na waliokuwa wakilipa kwa awamu waliambiwa waendelee kulipa. Ikiwa hayo yaliwafika wakazi wa Marekani, je, mkazi wa Kisarawe atamdai nani?

Maswali ya kuuliza

Baba wa Kibaha, na mzazi yeyote aliye katika hali kama yake, tunamshauri aombe ankara kifani yenye mchanganuo, kila huduma na bei yake. Faida yake ni kubwa. Bima inayokataa waya huenda ikalipa uchunguzi, picha ya eksirei, kuziba matundu na kung'oa jino linalozuia nafasi. Ankara ikiandikwa jumla, vyote hukataliwa pamoja. Ikigawanywa, kila kimoja huhukumiwa peke yake.

Kisha aipeleke ankara hiyo kwenye ofisi ya bima na kuuliza: kupanga meno kumo au hakumo? Je, kunahitaji kibali kabla ya kuanza? Ni hospitali zipi zinazokubalika? Mtoto atatoka kwenye kadi yangu akifikisha umri gani? Swali hili la mwisho husahauliwa, ilhali matibabu yakianza mtoto akiwa na miaka 17 yanaweza kumalizika akiwa hayumo tena. Jibu aliombe kwa maandishi.

Kwa daktari aulize bei ya kuanza hadi kumaliza, si ya mwezi. Ndani yake kimo kifaa cha kushikilia meno baada ya kupangwa? Bila kifaa hicho meno hurudi yalikotoka, na fedha yote huwa imepotea. Ahesabu pia nauli za safari za kila mwezi, kutoka Maili Moja hadi Upanga, au kutoka Kisarawe kupitia Pugu na Gongo la Mboto, pamoja na siku za kazi na masomo.

Kinachobaki kikadunduliziwe kwenye kibubu, au walipane na kliniki kwa awamu zisizo na nyongeza. Asikimbilie mikopo ya kausha damu. Haifai mtoto apone kaakaa na nyumba iingie katika riba.

Amana ya kadi

Tumalizie na mama wa Kisarawe. Dada yetu, kadi ya bima ina jina la mtu na picha yake, na aliyepewa ameaminiwa. Kuiazima ni kusema uongo kwa kitendo, na kumwomba daktari aandike maumivu yasiyokuwepo ni kumshirikisha katika uongo wa kalamu. Fedha ile si ya kampuni wala ya Serikali peke yake. Ni michango ya walimu, wauguzi na wakulima, na ndiyo inayotegemewa na mjamzito anayepelekwa Tumbi usiku. Kila anayechota kwa hila humpunguzia mwenye haki, kisha masharti hukazwa kwa wote, na wa kwanza kuumia ni mtoto kama yule wa Kibaha mwenye ugonjwa wa kweli.

Tena miezi sita huenda isitoshe kumaliza kazi hiyo kabla ya harusi. Mpeleke binti akachunguzwe, asafishwe meno na kuzibwa matundu kama yapo. Huduma hizo ulizia kwa kadi yako mwenyewe bila hofu. Na umwambie kuwa aliyemposa alimwona na jino lake lile, akaridhika naye.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu awape watoto wetu afya, na atujaalie riziki ya halali ya kuwatibia. Wabillahi tawfiq.