Usiku wa mfanyabiashara Bujumbura unapotea bure

Ikifika saa kumi na mbili jioni, mageti ya maghala ya Zone Industrielle, mjini Bujumbura, hufungwa moja baada ya jingine. Wapagazi wanaoga na kuondoka. Makarani wanafunga madaftari. Malori yaliyopanda kutoka Dar es Salaam yanabaki yamepangana kando ya kuta, madereva wamening'iniza miguu mlangoni, wanasubiri karatasi za kesho. Mfanyabiashara aliyetoka Kigoma na chumvi ya Uvinza, au aliyevuka kutoka Uvira kufuata bia za Brarudi na sabuni za Savonor, hana kazi tena hadi asubuhi. Simu yake akiiacha isome saa za Tanzania itakuwa saa nzima mbele ya saa za Burundi, na kwa mtu aliyechoka saa hiyo moja ni ndefu.

Anafanya nini? Ananunua mishikaki miwili na ndizi, anakula amesimama, anarudi gesti, anahesabu fedha mara tatu, analala. Kesho anapakia na kuondoka. Wapo waliofanya safari hiyo kwa miaka kumi, wanajua bei ya kila bidhaa ya mji huu hadi faranga ya mwisho, lakini hawajawahi kuingia jikoni kwa Mrundi hata mara moja. Hilo ni kosa la kibiashara, na linafanywa na watu wanaojisifu kwa kujua biashara.

Wajapani wamelitazama jambo hili kwa jicho jingine. Katika miji kama Tokyo na Osaka, mgeni anayekaa siku mbili tatu hulipa ili apewe aproni, asimame mbele ya meza ya mwenyeji, akate samaki na kukanda wali wa sushi kwa mikono yake mwenyewe. Baada ya saa mbili hivi anakula alichopika, wakati mwingine kimepinda vibaya, halafu mwenyeji anamchukua kutembea mtaani. Wanaingia vibaa vidogo viitwavyo izakaya, ambako watu hunywa kidogo na kula vipande vipande. Pale Shinjuku, Tokyo, upo mtaa unaoitwa Golden Gai, wenye vichochoro sita na vibaa kama 200, vingi vikiwa vidogo kiasi kwamba watu wanane wakikaa, wa tisa husubiri nje. Hakuna aliyebomoa vichochoro hivyo ili ajenge ukumbi mkubwa ndipo wageni waje. Wageni wanafuata huo udogo wenyewe.

Mwaka 2013 UNESCO iliuweka utamaduni wa chakula wa Kijapani, washoku, katika orodha yake ya urithi wa binadamu. Heshima hiyo ni nzuri, lakini kinachomhusu msomaji wa mpakani ni kitu kidogo zaidi ya hapo. Somo la kupika supu ya Kijapani linaweza kuanza na dagaa. Ndiyo, dagaa. Wajapani wanaita niboshi, samaki wadogo waliochemshwa na kukaushwa, na mwanafunzi hufundishwa kuwatoa vichwa na matumbo kwanza, la sivyo supu inakuwa chungu. Mgeni analipa fedha za kigeni afundishwe kumtoa dagaa utumbo. Mama yeyote wa Rumonge au Kibirizi angecheka mpaka akae chini, kisha angeuliza wanalipa kiasi gani.

Swali lake lingekuwa la msingi. Ndagala wa Ziwa Tanganyika, ambaye Kigoma anaitwa dagaa, anavuka mipaka minne na kuuzwa hadi migodini Kongo. Wengi wanaomchuuza wanamjua kwa gunia na kwa kilo. Anayempika ndiye anayemjua kwa meno. Dagaa aliyeanikwa chini kwenye mchanga humkera mlaji kwa chembe za mchanga mdomoni hata akioshwa mara tatu, na aliyeanikwa juu ya chanja hana mchanga, hanyonyi unyevu wa chini, wala kuku hampandi. Huko kando ya ziwa upande wa Burundi, FAO ilisaidia kueneza vichanja hivyo vya waya tangu miaka ya 2000, na wavuvi waliovikubali waliona tofauti kwenye bei. Mchuuzi aliyewahi kukaa mbele ya sufuria, akaosha ndagala wa aina zote mbili kwa mkono wake na kuona maji yanayobaki kwenye beseni, hahitaji semina ya ubora. Siku ya pili sokoni anachagua gunia kwa kulishika.

Mukeke naye vivyo hivyo. Huyu ndiye samaki anayelitambulisha jiji la Bujumbura, na mgeni humla akiwa ameshachomwa, ameletwa mezani na limao, kitunguu na pilipili, pembeni ndizi za kukaanga. Mgeni anasifu, analipa, anaondoka. Hajui mukeke aliyelala barafuni siku mbili anatofautianaje na aliyeshushwa alfajiri, jicho linakuwaje, shavu likifunuliwa linaonyesha rangi gani, kwa nini mkaa ukiwa mkali ngozi inashika kwenye wavu na nyama inabaki mbichi mfupani. Mambo hayo mama wa jikoni huyamaliza kwa jioni moja. Kwa mtu atakayenunua sanduku zima la samaki kesho asubuhi, jioni hiyo ina thamani kuliko punguzo lolote atakalobembeleza.

Kwa hiyo hoja ni hii: jioni ya namna ya Wajapani, ya kupika kwa mikono na kutembea mtaani, inafaa kuanzishwa Bujumbura, na ianzie karibu na Zone Industrielle, si kwenye hoteli za ufukweni. Hoteli za ufukweni zina wageni wake, na wageni hao wana watu wa kuwahudumia. Msafiri halisi wa mji huu, anayerudi kila mwezi, mwenye fedha mfukoni na usiku mtupu mbele yake, yuko kwenye gesti karibu na maghala. Mipango ya utalii ya ukanda huu humsahau kwa sababu hana kamera shingoni.

Lugha haitakuwa kikwazo. Mtaa wa Buyenzi umeongea Kiswahili tangu enzi za ukoloni, na mgeni akiingia kwa fundi magari au muuza vipuri wa pale anaulizwa habari za nyumbani kwa Kiswahili kabla hajaeleza shida yake. Mama wa Buyenzi hahitaji mkalimani ili amfundishe mtu wa Kigoma, Uvira au Mombasa kupika maharage ya Kirundi na sombe. Wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki walikikubali Kiswahili kuwa lugha rasmi ya Jumuiya mwaka 2021, pamoja na Kifaransa. Buyenzi haikusubiri mkutano.

Wapo watakaopinga, na hoja zao si za kupuuza. Ya kwanza ni usalama. Mfanyabiashara mwenye fedha hapaswi kuzurura usiku mji wa watu, na wengi wa wachuuzi wadogo wa mpakani ni wanawake, ambao hatari yao ni kubwa zaidi. Ni kweli. Lakini leo hii mama huyo anatoka peke yake kutafuta chakula gizani, au analala na njaa akihofia kutoka. Jikoni la mwenyeji anayejulikana na viongozi wa mtaa, lenye wageni sita au wanane wanaotoka pamoja na kusindikizwa pamoja hadi gesti, lina usalama zaidi kuliko upweke. Na jioni hiyo ianze mapema, saa kumi na mbili, iishe saa tatu. Hakuna aliyesema watu wakeshe.

Ya pili ni usafiri. Machi 2022 pikipiki, baiskeli na bajaji zilipigwa marufuku katikati ya mji wa Bujumbura, na uhaba wa mafuta wa miaka hii umezifanya Probox za teksi kuwa kama nyota za mchana. (Probox zenyewe zimetoka Japani, usukani kulia, katika nchi inayoendesha kulia, na bado zinafika. Ukanda huu unajua kutumia cha Mjapani bila kuomba maelekezo.) Shida hiyo ndiyo sababu ya kuiweka jioni hii ndani ya mwendo wa miguu. Mgeni aliye karibu na maghala hana haja ya kuvuka mji mzima kwa ajili ya sahani ya samaki.

Ya tatu ni pombe. Waislamu wa Buyenzi na Walokole wa Kigoma hawataki kuongozwa kabare kwa kabare baada ya chakula. Wasiongozwe. Kutembea mtaani usiku si lazima kuwe kufuata Primus na Amstel, ingawa anayezitaka hakosi, kiwanda chenyewe ndicho jirani. Ipo chai ya maziwa na sambusa, upo mpira kwenye televisheni ya mtaa, upo ubao wa karata ambako bei za mchele zinajadiliwa kwa ukweli kuliko ofisi yoyote. Mwenyeji mwerevu ataandaa njia mbili na kumwacha mgeni achague bila kuulizwa dini yake.

Lililo gumu kuliko yote ni la serikali, na hapo hakuna Mjapani wa kusingizia. Itifaki ya Soko la Pamoja, iliyoanza kutumika Julai 2010, inataja utalii miongoni mwa huduma ambazo nchi wanachama ziliahidi kufungua. Utaratibu rahisi wa forodha kwa wachuuzi wadogo umewekwa kwa mizigo isiyozidi dola 2,000. Lakini mama mwenye majiko mawili ya mkaa na meza moja, anayetaka kupokea wageni wanane mara mbili kwa wiki, akienda kuomba ruhusa atapimwa kwa kipimo cha mgahawa. Ataambiwa choo cha wateja, cheti hiki, kodi ile, kisha ukaguzi. Usafi ni lazima ukaguliwe, hakuna ubishi; samaki huua. Kinachohitajika ni kibali kimoja, cha ada ndogo, kinachotolewa mtaani, chenye masharti ya maji safi, moto salama na daftari la majina ya wageni. Taa za barabarani kati ya maghala na mitaa ya jirani nazo ziwashwe, kwa sababu hakuna kibali kinachomulika.

Bei nayo isifichwe. Mgeni anayetembea na shilingi au dola, katika mji ambao faranga ya benki na faranga ya mtaani hazifanani, huogopa kuuliza kwa sababu anajua kila swali ni mwanzo wa kupigwa. Bei ya jioni nzima, samaki, mkaa, somo na msindikizaji, iandikwe ukutani kwa faranga na isibadilike kwa lafudhi ya anayeuliza.

Kuna jambo la msimu pia. Nchi zinazolizunguka ziwa zimeanza kulipumzisha kwa kusimamisha uvuvi, kama ilivyofanyika kwa miezi mitatu kuanzia Mei 15, 2024. Miezi kama hiyo jikoni lisilo na mukeke lisilete samaki wa magendo kwa ajili ya mgeni. Lifundishe maharage na ndizi kwa mafuta ya mawese ya Rumonge, ubugali wa muhogo, na ndagala wakavu waliohifadhiwa tangu kabla. Mchuuzi anayeona mwenyeji wake akikataa kumpikia mukeke mwezi wa Juni ameelewa kwa nini samaki wa Septemba wanakuwa wakubwa.

Mjini Osaka mwalimu wa mapishi humpa mgeni karatasi yenye vipimo akaendelee kwao. Mama wa Buyenzi hana karatasi. Atampa namba ya simu. Mwezi ujao, kabla lori halijatoka Kigoma, mgeni atapiga kuuliza kama mchele umepanda, na mama atajibu kwa ukweli, kwa sababu aliyemwona mtu akiunguza samaki wake wa kwanza na kumla hivyo hivyo hamfichi bei. Kisha atauliza na yeye: chumvi ya Uvinza inakuja magunia mangapi, na je, matatu yanaweza kushushwa kwake?