Koboko Haina cha Kuionea Haya Uswizi

Mjadala wa lugha za West Nile, kaskazini-magharibi mwa Uganda, ukianza, uwe Kampala au Arua penyewe, Ulaya huitwa kutoa ushahidi. Tatizo ni kwamba shahidi huyu hulishwa maneno.

Wa kwanza kusema ni yule anayeshikilia kwamba nchi zilizoendelea zina lugha moja, ndiyo maana zikaendelea. Lakini Ufini ina lugha mbili za taifa, Kifini na Kiswidi, ingawa wenye Kiswidi kama lugha mama hawazidi sana asilimia 5. Ubelgiji ina lugha rasmi tatu, Uswizi nne. Norwe huandika Kinorwe chake kwa namna mbili, Bokmål na Nynorsk, na raia akiiandikia ofisi ya serikali kwa mojawapo hujibiwa kwa hiyo hiyo. Uswidi nayo ilizitambua lugha tano za wachache mwaka 2000, na mojawapo, Meänkieli, ina historia ambayo Mkakwa wa Koboko ataielewa mara moja. Mwaka 1809 Urusi iliinyang'anya Uswidi nchi ya Ufini, mpaka ukapita mto Torne, na ndugu wa lugha moja wakajikuta na watawala wawili. Upande wa Uswidi watoto walikatazwa lugha ya nyumbani shuleni. Leo lugha hiyo ina jina lake na ulinzi wa sheria. Wakakwa nao walikatwa vipande vitatu: Koboko ya Uganda, Yei ya Sudan Kusini, na Aru ya Kongo. Mipaka hiyo ni mabaki ya biashara ya wakubwa. Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji alikodishwa na Waingereza eneo la Lado mwaka 1894, likarudi kwa Waingereza baada ya kifo chake, na mwaka 1914 sehemu yake ya kusini ikaingizwa Uganda.

Hoja nyingine ni ya Kampala zaidi: kwamba watu wa West Nile wote ni Walugbara, hizo lugha nyingine ni lafudhi tu. Sivyo. Kikakwa ni tawi la Kibari, na kwa ukoo kiko karibu na Kimasai kuliko na Kilugbara cha majirani walio umbali wa kutembea kwa miguu. Kilugbara ndugu zake ni Kimadi na Kimoru. Kialur ni cha kundi la Kiluo, jamaa wa Kijaluo cha Kisumu. Kinubi kilizaliwa kwa askari wa gavana Emin Pasha na familia zao, maneno yake mengi yana asili ya Kiarabu lakini sarufi yake ni yake. Hizo ni jamii nne zisizosikilizana hata kidogo. Sasa linganisha: Mdenmaki, Mnorwe na Mswidi husomeana magazeti bila mkalimani, na bado dunia nzima inawahesabia lugha tatu kwa sababu wana serikali tatu. Ajabu ni kwamba anayewapa wao tatu huwapa wa West Nile moja.

Kiswahili ni cha Idi Amin, husema wa tatu, cha bunduki na uporaji. Ni kweli kwamba ni Amin aliyetangaza mwaka 1973 kiwe lugha ya taifa. Lakini Gavana Gowers alikuwa ameshakitaka kwa shule tangu 1927, na Kabaka Daudi Chwa wa Buganda akakipinga hadharani mwaka 1929, wakati Amin bado mtoto. Jeshi la kikoloni lilikitumia kabla yake. Na anayekwenda soko la Ariwara, ng'ambo ya mpaka wa Kongo, hajifunzi Kiswahili kwa mapenzi ya mtawala yeyote. Anataka kununua nguo na kurudi jioni. Katiba ya Uganda tangu 2005 inakitaja kuwa lugha rasmi ya pili. Hoja ya Amin imezeeka.

Kuhusu shule nitasema kwa ufupi. Wanaolaumu mtaala wa 2007, unaotaka darasa la kwanza hadi la tatu lifundishwe kwa lugha ya eneo, wana chembe ya ukweli wakizungumzia jiji la Arua, ambako dawati moja lina Mwalur, Mnubi na mkimbizi wa Sudan Kusini. Sera yenyewe inaruhusu Kiingereza mahali pasipo na lugha ya pamoja. Vijijini Koboko udhuru huo haupo.

Hoja inayoniudhi zaidi ni ya mwisho: kwamba Wazungu wana kipaji cha lugha, sisi tumechanganyikiwa. Uswizi ina lugha nne, Mswizi hana. Wengi huishi kwenye jimbo la lugha moja na kuongeza ya pili shuleni. Wabelgiji walichora mpaka wa lugha kisheria miaka ya 1960, na mwaka 1968 Chuo Kikuu cha Leuven kikagawanywa kwa ugomvi wa Kifaransa na Kiholanzi. Mwenye duka Koboko huuza kwa Kikakwa, hupokea mzigo kwa Kilingala au Kiswahili, humjibu mteja wa mji wa Kaya, Sudan Kusini, kwa Kiarabu cha Juba, na risiti huandika kwa Kiingereza. Hakuna anayemwita msomi.

Anachokosa ni haki kwenye karatasi. Ufini ina kipimo: manispaa huwa ya lugha mbili wachache wakifikia asilimia 8 au watu 3,000, na huduma hufuata. Kwetu Ibara ya 6 ya Katiba inaruhusu lugha nyingine zitumike shuleni, mahakamani na ofisini, kwa kadiri Bunge litakavyopanga. Mshtakiwa asiyeelewa lugha ya kesi hupewa mkalimani bila malipo. Mama anayesoma maelekezo ya dawa hospitalini hana kipengele kama hicho, na wabunge wa West Nile wanaweza kukidai hata kabla ya mtu kutaja tena Uswizi.