Risala ya Maskwota wa Pwani kwa Mheshimiwa Kamishna wa Kaunti

Mheshimiwa Kamishna wa Kaunti, waheshimiwa maafisa wa ardhi, Chifu wetu na wazee mliohudhuria: tunashukuru mmekuja kutusikiliza hapa chini ya mwembe badala ya kutuita mjini, maana nauli ya watu wote hawa ingetushinda.

Sisi tunaitwa maskwota. Jina hilo hatukujipa. Sheria ya Hati za Ardhi ya mwaka 1908 ilitaka kila mwenye ardhi Pwani apeleke madai yake. Babu zetu walilima kwa ukoo, si kwa karatasi, wakakosa kuandikishwa. Ardhi isiyodaiwa ikawa ya Mfalme wa Uingereza, na baada ya uhuru ikawa ya Serikali. Sisi tukabaki mumo humo, tukipanda muhogo na kuzika wazee wetu.

1. Mwezi uliopita tulikuta karatasi imebandikwa kwenye mnazi, imeandikwa kwa Kiingereza, ikitupa siku saba tuhame. Ilibidi tumwite mtoto wa shule atusomee. Sheria ya Ardhi, kama ilivyorekebishwa mwaka 2016, inataka miezi mitatu, na habari itolewe kwa maandishi, katika Gazeti Rasmi, katika gazeti la taifa na redioni. Redio hapa zinalia kutwa kucha, hatujasikia neno. Tunaomba notisi hiyo ifutwe.

2. Tumehesabiwa mara tatu. Kila mara tuliambiwa tutulie, hatimiliki zaja, nasi tukatulia. Kuna bibi hapa ambaye mlango wake una namba tatu za chaki, moja juu ya nyingine, na kila mvua akizikinga kwa gunia zisifutike, akidhani ndiyo hati yenyewe. Wiki jana namba hizo zilipakwa alama ya X kwa rangi nyekundu. Orodha za majina yetu hatujawahi kuonyeshwa. Tunaomba zibandikwe kwa Chifu, kila mtu ajitafute.

3. Wapima ardhi walipochimbia bikoni waliangusha mikorosho iliyokuwa na maua. Mkorosho ni karo. Tunaomba mimea ihesabiwe na ilipwe, na makaburi yawekewe mpaka kabla tingatinga halijaingia.

4. Ikiwa ni lazima wengine wahame, tunaomba tubomoe wenyewe, tuokoe makuti, boriti na mabati. Haki hiyo imo katika Sheria hiyo hiyo ya Ardhi. Wagonjwa, wazee na wajawazito watangulizwe mahali palipotayarishwa, wala isiwe usiku.

5. Kubwa kuliko yote ni makao. Serikali ina Mfuko wa Makazi ya Ardhi, uliowekwa kwa ajili ya watu wa namna yetu. Tunaomba ardhi hii ipimwe iwe skimu, wanaoishi humu wapewe kwanza, na wajane waandikwe kwa majina yao wenyewe, si ya mashemeji.

Mheshimiwa, daftari la kaya zetu limeambatishwa. Tunaomba nakala tunayobaki nayo itiwe sahihi na mhuri leo hii, kwa kuwa risala zetu mbili za awali zilipokewa bila sahihi wala mhuri, na tulipozifuatilia tuliambiwa hazikufika.

Ni sisi wakazi,
kwa niaba yao, Mwenyekiti na Katibu wa Kamati