Madaftari Mawili, Mtoto Mmoja

Serikali imeamua kwamba kumbukumbu za wananchi zitoke katika makabati ya karatasi na ziingie katika kanzidata. Sisi tunauunga mkono uamuzi huo bila kusita. Lakini upo upande mmoja wa kazi hii ambao haujasemwa vya kutosha, na watakaoumia kwa ukimya huo ni ndugu zetu wa Goziba, Bumbire, Ikuza, Kerebe na Mazinga kabla ya mtu mwingine yeyote. Daftari moja likiwa na nakala mbili, na kila nakala ikaandikwa na mkono wake, ipi itasadikiwe siku zitakapopingana?

Visiwani mtandao hukatika. Kwa hiyo kishikwambi cha zahanati hakina budi kuwa na nakala yake yenyewe, la sivyo muuguzi atakunja mikono na wagonjwa wapo mlangoni. Nakala ya pili iko Muleba, na huenda ya tatu ikawa mbali zaidi. Mtandao ukirejea, nakala hizo huoanishwa. Utaratibu huo ni sahihi na hatuulaumu. Tunalohoji ni jinsi nakala hizo zinavyooanishwa.

Tuchukue mfano wa mtoto wa miezi tisa. Jumanne muuguzi wa kisiwani amempa chanjo ya kwanza ya surua na rubela, akaandika. Alhamisi karani wa Muleba, ambaye habari hiyo haijamfikia, amefungua kadi ile ile ili asahihishe jina la baba lililokosewa herufi. Jumamosi mtandao unarudi. Mifumo mingi hapo hufuata kanuni iliyo nyepesi kuliko zote, yaani aliyeandika mwisho ndiye mshindi. Kadi ya Alhamisi inaifuta ya Jumanne. Jina la baba linanyooka, na chanjo inatoweka. Hakuna kengele iliyolia, wala hakuna mtumishi aliyefanya uzembe.

Tuliwahi kuwa katika ofisi moja, ambayo hatutaitaja, tukamsikia karani akimwambia mama aliyevuka ziwa na mtoto mgongoni: "Mama, mashine inasema mwezi uliopita hukwenda zahanati." Mama akamjibu: "Mwanangu, nilikwenda, na mtoto alichomwa sindano akalia. Hiyo mashine ilikuwa wapi?" Karani akacheka, nasi tukacheka. Tulipofika nyumbani kicheko kilitutoka, kwa maana yule mama alikuwa ameuliza swali ambalo sisi wenye nyadhifa tulipaswa kuwa tumekwisha kuuliza.

Tena huyo anayeitwa wa mwisho hujulikana kwa saa, na saa ni ya nani? Kishikwambi kilichozimika kwa kukosa umeme chaweza kuamka na tarehe isiyo yake. Mwaka 1978 mtaalamu wa Kimarekani, Leslie Lamport, alieleza kwamba katika mashine zilizo mbalimbali saa haitoshi kutuambia lipi limetangulia lipi. La maana ni kujua kama aliyeandika hili aliweza kuwa na habari za lile.

Sisi tulioanzia chuoni kabla ya kuingia shule ya Serikali tulilijua jambo hilo bila mashine. Mbao mbili zikitofautiana neno, mwalimu hakuuliza nani kaandika mwisho. Aliuliza: wewe umenakili kutoka ubao wa nani, na wewe je? Akishajua asili ya kila ubao ndipo alipotambua kama mmoja umetokana na mwenziwe, au kama yote miwili imetoka katika ubao wa tatu, kisha kila mmoja ukashika njia yake.

Wataalamu wa Marekani walilitolea hesabu jambo hilo mwaka 1983, katika andiko la Stott Parker na wenzake. Kila kadi hubeba tarakimu za mahali pote ilipoandikwa. Tuseme kadi ya mtoto wetu ilikuwa "Goziba 2, Muleba 1". Muuguzi akiandika inakuwa "Goziba 3, Muleba 1". Karani naye, akiwa na nakala ya zamani, anaigeuza iwe "Goziba 2, Muleba 2". Zikikutana, ya kwanza imeizidi ya pili upande wa Goziba, na ya pili imeizidi ya kwanza upande wa Muleba. Hakuna iliyoimeza mwenziwe. Hapo mashine inatambua kwamba upo mgongano, inazihifadhi zote mbili na kuomba hukumu. Lakini lau karani asingeandika kitu, ya Goziba ingeizidi ya Muleba moja kwa moja na kusingekuwa na shauri. Hesabu hiyo mtoto wa darasa la nne anaiweza; kwa hiyo asije mtu akatuambia kwamba ni ghali mno kwa visiwa vyetu.

Wapo watakaosema: mbona Sensa ya Agosti 23, 2022 ilitumia vishikwambi na mambo yakaenda? Ni kweli, lakini kila kaya ilikuwa na karani wake mmoja, akaihesabu mara moja, akaondoka. Kadi ya kliniki huandikwa na mikono mingi kwa miaka.

Kugundua mgongano ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kuuamua. Yapo mambo ambayo mashine yaweza kuyaamua yenyewe bila kumdhulumu mtu. Chanjo ni mojawapo: kila chanjo na iandikwe mstari wake, isifutwe kamwe, na nakala mbili zikikutana mistari yote iunganishwe. Mwaka 2011 Marc Shapiro na wenzake wa Ulaya walionyesha kwa hesabu jinsi kumbukumbu zilizopangwa hivyo zinavyofikia jibu moja, hata zikipokewa kwa mfuatano tofauti.

Lakini si kila jambo ni la kujumlisha. Kampuni ya Amazon ilieleza mwaka 2007 kwamba vikapu vya wanunuzi wake viliunganishwa kwa namna hiyo ili kitu kilichoongezwa kisipotee, ila kitu kilichokwisha kuondolewa kiliweza kurudi. Bidhaa kurudi kikapuni ni kero ndogo. Jina la marehemu kurudi katika orodha ya walio hai, au mvuvi aliye hai kuingizwa katika orodha ya wafu, si kero ndogo hata kidogo. Jina, tarehe ya kuzaliwa na kifo vinahitaji binadamu wa kuamua, naye awe binadamu anayemfahamu mwenye jina.

Msomaji asidhani tunabishania herufi. Machi 21, 2023 ilitangazwa kwamba ugonjwa wa Marburg umeingia mkoani kwetu, katika Wilaya ya Bukoba. Mgonjwa wa kwanza kujulikana alikuwa ametoka Goziba kwa shughuli za uvuvi akarejea kijijini kwake. Hadi ulipotangazwa kwisha, Juni 2 mwaka huo, wagonjwa walikuwa 9, na 6 kati yao walifariki. Watu 212 waliokaribiana na wagonjwa waliorodheshwa wafuatiliwe kwa siku 21. Kazi ile ilifanywa kishujaa, na hatusemi kwamba orodha ile ilivurugika. Tunasema orodha ya namna ile ikiwa na nakala kisiwani na nakala bara, moja ikaandika "ana homa" na nyingine, ya baadaye kwa saa tu, ikaandika "hakuonekana", basi kanuni ya mshindi wa mwisho itaifuta homa.

Kwa hiyo basi, tunawaomba viongozi wa Halmashauri na Mkoa wasitie saini kupokea mfumo wowote wa kumbukumbu kabla haujajaribiwa mbele yao. Vizimwe vishikwambi viwili mtandao, kadi moja iandikwe tofauti katika kila kimoja, kisha viunganishwe. Mfumo ukiteua nakala moja kimyakimya, urudishwe kwa fundi. Ukizionyesha zote mbili, pamoja na mahali kila moja ilipoandikwa na mkono ulioiandika, upokewe. Na migongano isirundikwe katika ofisi ya mbali ikaamuliwe na mtu asiyejua kama Mazinga ni kisiwa au kitongoji. Irudishwe zahanati ilikoanzia, iwekewe siku maalumu ya juma, na mganga mfawidhi aitolee jibu. Nakala iliyoshindwa nayo ibaki ikisomeka.

Nanyi ndugu wa visiwani, mkulima wa kahawa wa Kamachumu haitupi stakabadhi yake ya mizani eti kwa sababu chama cha msingi kina daftari. Fanyeni vivyo hivyo. Kadi ya karatasi ya kliniki msiitupe, msiikabidhi moja kwa moja kwa mtu yeyote, na kila mkivuka kuja Muleba ije nanyi mfukoni, imefungwa katika nailoni isilowe.