Hawakutoweka

Neno lenyewe lilisemwa kabla hatujatoka nje ya mji. Basi lilikuwa limetuchukua hotelini Cancún saa moja asubuhi, watu arobaini na kitu, na kiongozi wetu, kijana mcheshi mwenye kipaza sauti, akaanza kazi kwa kushusha sauti kama msimulizi wa hadithi za majini. Leo, alisema, mtaona mji wa watu wa ajabu, Wamaya, ambao siku moja walitoweka, wala haijulikani walikokwenda. Watu wakaguna kwa furaha. Mimi nilikuwa nimekaa nyuma ya dereva, na dakika chache kabla ya hapo nilikuwa nimemsikia dereva huyo akizungumza na mama mmoja muuza vitafunio kando ya barabara, kwa lugha ambayo binti yangu, anayejua Kihispania kwa sababu ya kazi yake huko Marekani, aliniambia si Kihispania. Alimwuliza dereva. Ni Kimaya, alijibu, lugha ya nyumbani. Ndiyo kusema tulikuwa tukiendeshwa na mtu aliyetoweka.

Nimekuwa mwalimu mkuu kwa miaka mingi, na makosa ya watu nayavumilia. Mwanafunzi akiandika kwamba mto Nile unaanzia Misri, namsahihisha na maisha yanaendelea. Lakini mtu anayelipwa kufundisha, akasimama mbele ya watu waliolipa kujifunza, akasema jambo ambalo dereva wake mwenyewe ni ushahidi kwamba si kweli, huyo hajakosea. Huyo anauza. Nami nataka kuuliza anauza nini, na ni nani anayelipa gharama yake.

Tuanze na ukweli, maana si mrefu. Katika karne ya 9 miji mingi mikubwa ya Wamaya wa kusini, ile iliyo katika misitu ya Guatemala na jirani zake, iliachwa. Wataalamu wanataja vita, ukame na ardhi iliyochoka. Mji kuachwa si watu kutoweka. Hata kwetu kuna miji iliyohamwa, na wajukuu wa waliohama wanaishi mwendo wa siku moja kutoka hapo. Chichén Itzá, mji ule tuliokuwa tukienda kuutazama, ulistawi baada ya ile ya kusini kuachwa. Baada yake ukaja Mayapán, uliodumu hadi katikati ya karne ya 15. Wahispania walipojenga Mérida mwaka 1542, waliujenga juu ya mji wa Kimaya ulioitwa T'ho, kwa mawe ya majengo yake. Na ufalme wa mwisho wa Kimaya, Nojpetén, uliokuwa kisiwani katika ziwa huko Petén, ulianguka mwaka 1697. Mwaka huo Wareno walikuwa wamezingirwa ndani ya Ngome ya Yesu kule Mombasa. Sasa niambie, msomaji, watu waliotoweka "siku moja" kabla ya historia walipiganaje na Wahispania hadi wakati wa Fort Jesus?

Wala hawakukoma hapo. Mwaka 1847 Wamaya wa Yucatán waliasi dhidi ya wenye mashamba na serikali, na vita ile ilikwenda hadi 1901. Leo, kwa hesabu ya watu ya mwaka 2020, wanaosema Kimaya cha Yucatán nchini Mexico peke yake ni zaidi ya 700,000, na ndugu zao wa lugha nyingine za jamii hiyo, huko Chiapas na Guatemala, ni mamilioni. Wanapika, wanalima, wanaendesha mabasi.

Tulipofika, nilisimama mbele ya piramidi kubwa na kwa kweli nilinyamaza. Inapanda mita 30 hivi. Ngazi nne, kila moja vidato 91. Zijumlishe, utapata 364, na ongeza kidato kimoja cha juu, hizo ndizo siku za mwaka. Nilikuwa nimefundisha hesabu madarasa ya chini, na nilitamani wanafunzi wangu wangekuwepo. Watu hawa walihesabu kwa ishirini-ishirini, kwa nukta ya moja na mstari wa tano, nao walikuwa na alama ya sifuri. Kupanda hakuruhusiwi tangu mwaka 2006, na ni vizuri, maana ngazi ni kali mno na mawe yamelainika kwa miguu ya watu kama sisi.

Kiongozi wetu alituonyesha jinsi ya kupiga makofi mbele ya ngazi ili mwangwi urudi kama sauti ya ndege. Tukapiga. Kisha akatupeleka kwenye uwanja wa mpira, urefu wake mita 168, akakaa robo saa nzima juu ya vichwa vilivyokatwa. Damu, mioyo, mashimo ya mifupa. Hapo alikuwa katika enzi yake. Kuhusu kalenda alisema sentensi mbili. Kuhusu vitabu hakusema chochote.

Na hapa sitaki kusingiziwa kwamba natetea jambo lisilotetewa. Kafara zilikuwapo. Mwaka 1967 iligunduliwa hifadhi ya chini ya ardhi karibu na kisima kitakatifu cha Chichén Itzá, ndani yake mifupa ya watoto wengi. Mwaka 2024 wataalamu walichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watoto 64 kati yao: wote wavulana, baadhi yao ndugu, wakiwamo mapacha wa kufanana. Inatisha, na mwalimu mkweli aiseme. Lakini uchunguzi huohuo ulilinganisha vinasaba hivyo na vya wakazi wa leo wa Tixcacaltuyub, kijiji cha Kimaya huko huko Yucatán, ukaonyesha kwamba ni damu moja inayoendelea. Sehemu ya kwanza ya habari hii ni tamu kwa kiongozi wa watalii. Sehemu ya pili inamharibia biashara.

Vitabu nilivyovitaja ni hivi. Mwezi Julai mwaka 1562, katika mji wa Maní, padri Diego de Landa alichoma moto vitabu vya Wamaya mbele ya wenyewe. Yeye mwenyewe aliandika kwamba waliumia sana moyoni. Vilivyosalia duniani ni vinne tu, vitatu kati yake viko Dresden, Madrid na Paris. Kwa hiyo mtu akisema "haijulikani" kwa sauti ya uchawi, amesema nusu. Mengi hayajulikani kwa sababu yalichomwa, na aliyeyachoma anajulikana jina, mwaka na mji. Jambo la kushangaza ni kwamba maandishi ya padri huyohuyo ndiyo yaliyomsaidia Mrusi Yuri Knorozov, mwaka 1952, kuonyesha jinsi ya kuzisoma herufi za Kimaya. Leo zinasomeka kwa sehemu kubwa. Fumbo lililofumbuliwa bado linauzwa kama fumbo!

Binti yangu aliniambia, "Baba, watu wamekuja kupumzika, siyo kufanya mtihani." Hoja hiyo nimeisikia pia kwa rafiki zangu wa barazani niliporudi: hadithi ya kutoweka ni pilipili tu katika chakula, haimdhuru mtu. Mimi nasema inadhuru. Kitu cha watu waliotoweka hakina mwenyewe, na kisicho na mwenyewe huokotwa. Mwaka 1894 Mmarekani mmoja, Edward Thompson, aliyekuwa balozi mdogo wa nchi yake, alinunua shamba ambalo ndani yake mlikuwa na Chichén Itzá yote. Tangu 1904 alikichokora kisima kitakatifu kwa mtambo, akatoa dhahabu, yashi na mifupa, na vitu hivyo vikasafirishwa hadi jumba la makumbusho la Chuo Kikuu cha Harvard. Baadhi tu vimerudishwa. Ardhi yenyewe chini ya magofu iliendelea kuwa mali ya watu binafsi hadi mwaka 2010, serikali ya jimbo ilipoinunua. Na wajukuu wa waliojenga? Hao niliwaona njiani kati ya piramidi na kisima, wametandaza vinyago na vitambaa chini ya miti. Kiongozi wetu alituonya tusinunue kwao, ati vitu vyao si halisi. Baadaye basi likasimama dakika arobaini kwenye duka kubwa lenye kiyoyozi, na huko aliruhusu.

Nakiri nilioga katika senote. Neno hilo ni la Kimaya, ts'onot, Wahispania wamelitamka wawezavyo. Ni shimo kubwa katika ardhi ya mawe ya chokaa, dari yake ilianguka zamani, na maji yake ni yaleyale yanayopita chini kwa chini, kwa kuwa kaskazini ya Yucatán haina mito ya juu. Tulishuka ngazi kiasi cha mita 25, mizizi ya miti inaning'inia kutoka juu kama kamba, maji ya samawati iliyokoza, baridi. Mzee mzima nilivaa jaketi la kuelea nikacheka kama mtoto. Lakini tuliambiwa tu kwamba ni "bwawa la asili". Hakuna aliyetuambia kwamba maji hayo ndiyo waliyokunywa wajenzi wa piramidi, na kwamba yaliyo chini ya ardhi hiyo ndiyo yanayonyweka hadi leo vijijini. Tangazo la kutaka tuoge kwanza ili kuondoa mafuta ya kujikinga na jua lilikuwapo ukutani. Wenzetu nusu walilipita. Laiti wangeambiwa wanaingia katika mtungi wa mtu.

Hasira yangu haikuwa ya bure, nami niseme ilikotoka. Nilipokuwa chuo cha ualimu tulifundishwa kwamba miji ya mawe ya pwani yetu ilijengwa na wageni waliokuja kwa majahazi, na sisi ni walinzi wa magofu ya watu. Huko Rhodesia walifika mahali pa kuwakataza wataalamu wao kusema wazi kwamba Zimbabwe Kuu ilijengwa na Waafrika. Niliyofundishwa nami nikayafundisha, miaka kadhaa, kwa chaki safi na mwandiko mzuri. Katika somo hilohilo niliwataja Wamaya kama mfano wa taifa lililotoweka. Sikuwa na kipaza sauti, lakini nilikuwa na fimbo.

Jioni, foleni ilipotusimamisha karibu na Valladolid, nilimwomba dereva, kwa kinywa cha binti yangu, anifundishe kuhesabu kwa lugha yake. Alifurahi. Akainua vidole kutoka kwenye usukani: jun, ka', óox, kan. Alipofika tano akaendelea kwa Kihispania, cinco, seis, siete, bila hata kugundua. Nikamwuliza mbona amehama. Akafikiri kidogo. Akasema nyumbani walihesabu hadi hapo, na zilizobaki alizijua shuleni, ambako mwalimu hakutaka kusikia Kimaya.

Binti yangu alinitafsiria, kisha akaniangalia. Anakijua kile kibao cha mti kilichokuwa kikining'inia ukutani ofisini kwangu, chenye uzi wa kuvalishwa shingoni mwanafunzi aliyepatikana akisema lugha ya kwao.

Kiongozi alikuwa akigawa karatasi za maoni. Ya kwangu nilimrudishia tupu.